Daraja letu kweli kajenga Mjerumani? Na kuna mali chini ya nguzo?

"Shikamoo mtaalamu. Kijijini kwetu kuna daraja la zamani la gari, lina nguzo mbili za mawe katikati ya mto, juu ya mawe kuna zege kama kofia alafu ndio vyuma na mbao. Jipya lilishajengwa pembeni kwahiyo hili wanapita waenda kwa miguu, bodaboda na ng'ombe. Wazee wote wanasema kajenga Mjerumani. Kwenye chuma kimoja kuna maandishi DORMAN LO alafu rangi imefunika, watu wanasema ndio jina la injinia wa Kijerumani. Kwenye nguzo moja kuna mshale umechongwa unaangalia juu, una kistari juu yake. Mwaka jana akaja mtu na kipimo cha kutafuta vyuma ardhini kikalia pale kwenye nguzo, tangu hapo vijana wanachimba usiku wanatafuta mali ya Mjerumani, shimo limefika kiunoni. Mimi ni mwalimu, nataka niandike historia ya daraja kwa ajili ya wanafunzi wangu. Bibi yangu ana miaka 88 ananicheka tu, anasema yeye utotoni walikuwa wanavuka pale kwa mtumbwi. Je ni la Mjerumani kweli, na kuna kitu chini?"

Marahaba mwalimu. Umeniuliza umri wa daraja na habari ya mali, na lile shimo umelitaja kama jambo la kupita tu, ila mimi ndilo lililonifanya niache chai ipoe. Kwahiyo tuanze na shimo, historia imesubiri miaka yote hiyo, nusu saa haiiui.

Watu wengi wanadhani daraja linaanguka kwa sababu ya uzito wa juu, lori limezidisha tani basi limekatika. Hutokea, lakini madaraja mengi ya mtoni yanauliwa na maji kwa chini. Maji yakifika kwenye nguzo yanagonga uso wake, hayana pa kwenda, yanazama kuelekea kitako cha nguzo na kuzunguka pande mbili kama kamba inayosokotwa, na ule mzunguko unachota mchanga kidogo kidogo. Mto ukijaa uchotaji unakuwa mkali mno, shimo linaingia ndani kabisa pale mbele ya nguzo, alafu maji yakipungua yanaanza kuangusha mchanga mpya mwepesi ndani ya shimo lile lile. Wewe ukija asubuhi unakuta sakafu ya mto imelala vizuri, unasema mbona pako salama.

Hili nilijifunza nikiwa kijana kazini. Tulikwenda kukagua daraja wiki moja baada ya mafuriko, mto umeshatulia, mchanga msafi kabisa. Mzee mmoja fundi akachukua nondo akaisukuma kwa mkono hatua tatu kutoka kwenye nguzo, ikaingia mpaka kiwiko ikagoma. Akasogea akaisukuma mguuni mwa nguzo, ikazama mpaka akawa amelala kifudifudi bega limegusa maji, na bado haijagusa kitu kigumu. Hakusema neno, aliinuka tu akaenda kufunga barabara kwa matawi.

Sasa vijana wako wanachofanya ni kuusaidia mto kazi. Shimo la kiunoni mguuni mwa nguzo ya mawe ya zamani, ambayo huenda haina msingi mrefu kwa sababu zamani walichimba mpaka pagumu au mpaka walipochoka, ni sehemu ambayo masika yakija maji yanakuta kazi imeshaanzwa. Na nguzo ya mawe haikupi taarifa kama chuma kinachopinda taratibu, inakaa inakaa alafu inalala upande mmoja mara moja, na huko juu kuna ng'ombe na mtoto anayewaswaga.

Kwahiyo kabla hujaandika hata mstari mmoja wa historia nenda kwa mtendaji na mwenyekiti, andikeni barua kwa meneja wa TARURA wilayani, wakala wa barabara za vijijini na mijini, au TANROADS mkoa, wakala wa barabara kuu na za mikoa, kama hiyo barabara iko chini yao, muombe injinia aje aione kwa macho. Mimi huku nilipo siwezi kukuambia daraja linafaa kupitika au halifai, na usimuamini yeyote anayekuambia kwa picha ya simu. Mpaka injinia afike, ukiona ufa mpya unaopanda kwenye mawe, au nguzo imeinama, au kofia ya zege imeachana na mawe hata upana wa kidole, fungeni njia siku hiyo hiyo, wapite daraja jipya. Shimo lenyewe msilijaze mchanga, mchanga unaondoka na mvua ya kwanza, tupieni mawe makubwa yale ya kubebwa na watu wawili, na hiyo iwe ya muda tu. Na vijana waambiwe ukweli kwamba kando ya mto huchimbi unavyojisikia, Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya 2004 imeweka mita 60 toka ukingoni, na daraja ni mali ya umma hata kama halipitishi tena malori. Jambo la mwisho hapa, kama kweli kwenu vita ya 1914 ilipita basi kinachoweza kuwepo ardhini ni risasi na mabomu ya enzi hizo, ukikutana na chuma cha ajabu usikigonge, weka alama, ita polisi.

Haya, mali.

Hii imani haikutoka hewani, ndio maana haifi. Wajerumani walipozingirwa kwenye vita walikosa sarafu kutoka kwao, wakatengeneza zao Tabora mwaka 1916 kwenye karakana ya reli, na kati ya hizo kulikuwa na sarafu ya dhahabu ya rupia 15, upande mmoja tai upande wa pili tembo na mlima nyuma yake, dhahabu ya mgodi wa Sekenke. Zilitoka kama elfu 16 hivi. Septemba mwaka huo huo Wabelgiji wakaingia Tabora, Wajerumani wakaondoka. Kwahiyo dhahabu ilikuwepo, kukimbia kulikuwepo, na mtu akijumlisha hivyo viwili anapata hazina chini ya kila jiwe lililochongwa vizuri nchi hii, kanisa, boma, kaburi, mpaka choo nimeshasikia.

Lakini hebu fikiria kama mwizi, samahani mwalimu. Una sarafu unataka kuficha, nyuma yako kuna jeshi linakuja. Utakaa miezi kadhaa ujenge nguzo ya mawe katikati ya mto, mbele ya vibarua wanaokuangalia kutwa nzima, uzike mali chini yake, ili siku ukirudi ulazimike kubomoa daraja na kugeuza mto? Wakati ule Wajerumani hata hawakuwa wanajenga madaraja, walikuwa wanayavunja. Waliporudi nyuma 1916 walilipua madaraja ya reli ya kati ili treni zisimsaidie adui, na waliokuja nyuma yao wakaanza kazi ya kuyaunga tena.

Na kile kipimo kilicholia, kwani kingenyamaza vipi? Kimesogezwa kwenye nguzo ambayo juu yake kuna tani kadhaa za chuma, ndani ya kofia ya zege bila shaka kuna nondo, na bolti za kushikia boriti zimezama humo humo. Kipimo kinaimba chuma, hakijui kama ni sarafu au ni nati. Huyo bwana aliyekuja nacho nadhani alichukua hela ya kupimia akaondoka, na wanaobaki na shimo ni nyinyi.

Sasa ndio tuje kwenye chuma chako, hapa umenifurahisha sana. DORMAN LO sio injinia. Ni Dorman Long, kampuni ya chuma ya mji wa Middlesbrough kaskazini mwa Uingereza, ilianza 1875, na ndio hao hao waliojenga daraja kubwa la bandari ya Sydney lililofunguliwa 1932, na hapa Afrika Birchenough kule Zimbabwe mwaka 1935. Dorman walikuwepo kweli na Long alikuwepo kweli, watu wawili wafanyabiashara, ila hakuna hata mmoja aliyekuwa Mjerumani wala aliyekuja kwenu na pauro. Viwanda vya chuma zamani vilikuwa vinachora jina kwenye rola yenyewe, boriti ikipita ikiwa bado nyekundu inatoka na jina limetuna, ndio maana ukipapasa unakuta herufi zimeinuka, hazijachimbwa. Chukua brashi ya waya, sugua taratibu kuelekea kulia, uwezekano ni mkubwa utakutana na mji na neno ENGLAND. Piga picha jua likiwa limelala, saa kumi na moja jioni, kivuli kinazitoa herufi zenyewe.

Mjerumani alikuwa na viwanda vyake, Krupp na wenzake, na meli zake, hakuwa na haja ya kuagiza boriti kwa Muingereza. Sio ushahidi wa kumfunga mtu lakini mimi kwa jina hilo tu naweka vyuma vyako baada ya 1916, na zaidi kipindi cha idara ya kazi za umma ya Tanganyika, ile wazee wanaita PWD. Hao ndio waliokuwa na kazi ya kutandaza madaraja ya gari, kwa sababu kumbuka enzi ya Mjerumani mzigo ulikwenda kwa treni au kichwani kwa mpagazi, magari yalikuwa ya kuhesabu, nguvu zote za chuma na mawe zilikwenda kwenye reli ya Tanga na reli ya kati iliyofika Kigoma 1914. Barabarani vijito vilivukwa kwa magogo. Malori yalipoanza kuongezeka miaka ya 1920 ndio ikabidi madaraja ya maana yaanze. Daraja la Selander la kwanza pale Dar es Salaam ni la 1929, lilipewa jina la mkurugenzi wa kwanza wa hiyo PWD, John Einar Selander, na lile daraja jembamba la zamani la Wami ambalo wengi tumepishana pale kwa zamu ni la 1959, miaka miwili tu kabla ya Uhuru. Ukimuuliza mtu njiani atakuambia la Mjerumani. Kwetu sisi "Mjerumani" imeshakuwa neno la kusema "la zamani na imara", nadhani hata wazee wako hawadanganyi, wanasifia tu.

Angalia pia vyuma vimeungwaje. Kama ni ribiti, vile vichwa vya mviringo kama vitufe vimepangwa mstari, hapo ni kazi ya zamani, baada ya miaka ya 1950 zilianza kupotea zikaja bolti na kuchomelea. Kama pembeni una fremu zinazofanana zote, urefu kama mita 3 kila moja, ndani zina umbo la almasi na zimeungwa kwa pini nene, basi hilo ni daraja la Bailey, lilibuniwa na Muingereza Donald Bailey wakati wa vita ya pili, fremu moja ilibebwa na watu sita kama jeneza, na haiwezekani kabisa likawa la kabla ya miaka ya 1940. Kwa maelezo yako lako sio hilo, ila nimelitaja kwa sababu nalo huwa linaitwa la Mjerumani.

Mshale nao. Mshale wa mistari mitatu unaokutana juu ni alama ya mali ya serikali ya Uingereza tangu enzi na enzi, na ukiwa na kistari juu yake kama kofia hiyo ni alama ya wapima ardhi, kile kistari ndio mahali pa kusomea kimo. Walipenda kuichonga kwenye vitu visivyohama, daraja, kanisa, stesheni. Hauonyeshi chini wala juu, unaonyesha kistari. Najua vijana watasema Mjerumani alichora juu ili kudanganya wakati mali iko chini, hiyo nimeshaambiwa zaidi ya mara moja na mtu aliyekuwa serious kabisa. Ila sasa huo mshale mwanzo wa yote sio wa Mjerumani.

Sasa usije ukamaliza ukaandika daraja ni la Muingereza ukafunga daftari, hapa ndipo watu wengi wanakosea, hata sisi mainjinia. Daraja halina umri mmoja. Mbao zina umri wake, labda miaka mitano, boriti zina wake, kofia ya zege ina wake, mawe ya chini yana wake. Ile kofia inanipa mashaka mazuri. Mtu anayejenga nguzo mpya ya mawe anaweza kuweka kofia ya zege toka mwanzo, ni kawaida. Lakini pia mtu aliyekuta nguzo za zamani, fupi au zimevunjika juu, angefanya hivyo hivyo, angesawazisha kwa zege alafu akalaza boriti zake. Kwahiyo siku ya kwenda kupiga picha, maji yakiwa ya chini na shimo likiwa limeshughulikiwa, angalia mawe ya juu kabisa chini ya kofia. Yako sawa na ya chini au yamepasukapasuka? Kuna matundu ya mraba yamezibwa kwa zege, mahali ambapo boriti za kwanza zingekaa? Nguzo ni pana kuliko vyuma vinavyohitaji? Na kwaruza kwa ufunguo kile kilichoshika mawe, kikitoka kama unga mweupe hicho ni chokaa, kikigoma kijivu ni saruji. Chokaa inavuta kuelekea nyuma zaidi ingawa saruji ilikuwepo hata kwa Mjerumani, kwahiyo usiitegemee peke yake. Na wakikuambia walijenga kwa mayai, cheka nao, ukipiga hesabu ya mayai ya nguzo moja utajua kwanini, ni chokaa tu.

Karatasi zipo lakini jiandae kwa uvumilivu. Nyaraka za Taifa wana mafaili ya Kijerumani, yale yanayoanza na herufi G, wana mafaili ya Muingereza, na wana vile vitabu vya wilaya ambavyo ma-DC, wakuu wa wilaya wa Kiingereza, waliandika kila kitu, kodi, ukoo, njaa, mpaka barabara na vivuko. Nenda na barua ya utambulisho ya shule au halmashauri na uulize masharti kwanza. Faili la Kijerumani bila mtu wa kukusomea ule mwandiko utaangalia tu kama picha. Kitu rahisi zaidi ni ramani za Kijerumani za kipimo cha 1:300,000, zimeshawekwa kwenye intaneti, tafuta mto wenu, ukikuta neno Furt maana yake ni mahali pa kuvuka kwa miguu, Fähre ni kivuko, Brücke ni daraja. Kukosekana kwa Brücke hakuthibitishi kitu, lakini kuwepo kungebadilisha kesi nzima. Alafu ramani za 1:50,000 za idara ya upimaji, hizo nyingi zilichorwa kutokana na picha za ndege za karibu na Uhuru, pembeni zimeandikwa mwaka, angalia kama daraja lipo.

Kwa wazee, usiulize mwaka. Mzee ukimuuliza mwaka atakupa wowote ili uridhike. Uliza ilikuwa kabla au baada ya vita ya Hitler, aliyesimamia alilipa rupia au shilingi, kwa sababu rupia iliisha mwanzoni mwa miaka ya 1920, uliza kokoto zilipondwa wapi na akina nani, nani alikufa wakati wa ujenzi, mvua za El Nino za 1997 zilivunja nini na kikarudishiwa nini. Na waulize mmoja mmoja, ukiwakusanya barazani anayeongea wa kwanza ndio historia inakuwa yake.

Ila mwalimu, shahidi wako mkubwa unaye nyumbani na umemuweka mstari wa mwisho kama kichekesho. Bibi ana miaka 88, utoto wake ni miaka ya 1940. Kama walivuka kwa mtumbwi basi wakati ule pale hapakuwa na daraja linalopitika, hizo boriti za Dorman Long zikaja baadae, huenda miaka ya 1950. Yeye hajasema kwa kusikia, alikuwa ndani ya mtumbwi. Kaa naye mchana akiwa hajachoka, washa simu irekodi, umuulize swali moja ambalo mimi na nyaraka zote hatuwezi kulijibu: mlipokuwa mnavuka na mtumbwi, zile nguzo za mawe zilikuwa zimeshasimama mtoni mnazipita pembeni, au maji yalikuwa matupu?